Fundi Yuko Hewani, Mimi Niko Chini ya Gari

Fundi wangu wa gari alihama Bukoba akaenda kuishi Mwanza, na kosa lake ni kwamba hakuniacha. Fundi akihama, utaratibu unajulikana: unatafuta mwingine, yule mpya anafungua boneti, anaguna, anauliza "nani alikugusia hili gari?", mnamsengenya wa kwanza kidogo, maisha yanaendelea. Huyu wangu kagoma kusengenywa. Anahudumia magari ya Bukoba, Muleba na Karagwe akiwa ng'ambo ya ziwa, kwa WhatsApp. Ukimpigia hakwambii "lilete". Anakwambia, "Mzee, washa, kanyaga mafuta kidogo, sogeza simu kwenye injini nisikie."

Basi nasogeza. Nasimama uani kwangu Rwamishenye na simu nimeielekeza kwenye injini kama mwandishi wa redio anayemhoji mheshimiwa, mvua inaninyeshea. Na mvua ya Bukoba si ya utani; mji huu hupata milimita 2,000 hivi kwa mwaka, na nina hakika nyingi hushuka boneti yangu ikiwa wazi. Upande wa pili nasikia mtoto anaomba uji na katuni zinacheza kwenye runinga. Fundi anasikiliza, anakohoa, anatoa hukumu: "Hapo kuna silinda moja imelala." Katuni zinacheka.

Mwanzoni alikuwa na kisingizio cha maana. Alisema angekuja mwenyewe, ila foleni ya kivuko pale Kigongo na Busisi inamla siku nzima. Tukamwelewa, maana nani hakuota jua kwenye ile foleni? Juni 2025 Daraja la J.P. Magufuli likafunguliwa, kilomita tatu juu ya maji, unavuka hata wimbo mmoja wa redio haujaisha. Nikampigia siku ileile kumpongeza. Akanijibu kwamba daraja ni zuri sana, ameliona kwenye simu.

Kazi hii ya mbali inanikumbusha wakati wa korona: sisi tukiwa hatujafungiwa ndani kama majirani zetu wa Kampala na Kigali, tulikuwa tunasikia habari za wenzetu wa viwanda vya magari waliohamishia kazi sebuleni. Machi 2021 kampuni ya Ford kule Marekani iliwaambia wafanyakazi wake kama 30,000 kwamba hata korona ikiisha wanaweza kuendelea nusu ofisini nusu nyumbani. Mwaka uliofuata Elon Musk akawaandikia watu wake wa Tesla kinyume chake: wiki haiishi bila saa 40 ofisini, asiyetaka akatafute kazi kwingine. Wakubwa wakavutana hivyo, huyu anawaachia, yule anawakaza kamba.

Lakini ukiangalia vizuri, waliokuwa wanagombewa ni watu wa kompyuta. Mchoraji, mhasibu, mwanasheria, mtu wa matangazo. Yule anayefunga nati kwenye mstari wa kiwanda hakuna aliyemwambia afanyie kazi nyumbani. Angefunga nini? Chuma kina ukaidi wake: hakikubali kushikwa kwa barua pepe. Huko Detroit walikwama hapo, na wana pesa zote zile. Kagera tumevuka. Mshika spana naye yuko nyumbani kwake anakula uji na mwanawe, na spana amemwachia mteja.

Na si fundi peke yake. Ukianza kufuatilia gari langu lilikotoka, utaona kwamba tangu lizaliwe upya kuwa mtumba limepita mikononi mwa watu wasio na mikono.

Aliyeniuzia ni mpwa wangu, mtoto wa dada yangu, anayeishi Kamachumu kwa mama yake. Anauza magari yaliyoko Yokohama kutoka chumba cha uani, ukuta mmoja na zizi la ng'ombe. Hajawahi kufika Japani. Hajafika hata bandarini Dar es Salaam. Leseni ya udereva hana. Lakini mtu wa Karagwe au Ngara akimpigia kuulizia Noah, anaelezwa mpaka harufu ya viti. Siku moja ng'ombe akalia katikati ya mazungumzo, mteja akauliza hiyo ni sauti gani. Mpwa hakusita: "Honi, bosi. Wanatoa gari jingine."

Taabu yake ni moja, mama yake haamini kwamba ile ni kazi. Kwa dada yangu, mtu aliyeko nyumbani yuko nyumbani, na aliyeko nyumbani anatumwa. Kijana yuko kwenye simu anahesabu dola na wakala wa Japani, mara dirishani: "Wewe, ng'ombe hajala! Majani yako wapi?" Anakwenda kukata majani huku simu iko sikioni. Wanaoandika vitabu vya kufanya kazi nyumbani wanashauri uwe na meza yako na saa zako. Wangekuja kwanza wamwone dada yangu akiwa na panga, anatafuta mtu wa kupogoa migomba.

Mpwa ndiye aliyenionyesha karatasi ya mnada ya gari langu. Wajapani wana utaratibu mkali wa ukaguzi. Gari jipya linakaguliwa baada ya miaka mitatu, kisha kila baada ya miwili, na gharama zake ndizo zinazowafanya wengi walitupe gari ambalo sisi tutalivalisha kofia ya harusi. Linakwenda mnadani. Pale anakuwepo mkaguzi, analizunguka, anachora picha ya gari kwa juu na kuandika vialama: A ni mkwaruzo, U ni kubonyea, W ni mahali palipopigwa rangi upya, namba ya pembeni inasema kwa kiasi gani. Juu anaandika alama ya jumla. Langu lilipata 3.5, ambayo kwa shule za kwetu ungesema amefaulu ila mzazi aje. Wanunuzi wengi hawaendi pale. Wanabofya wakiwa nchi nyingine, gari linauzwa ndani ya sekunde chache. Nimeitazama sana ile karatasi. Yule mkaguzi ni kama binadamu wa mwisho kuligusa gari langu kwa mkono wake mwenyewe huku akilipwa.

Kuanzia hapo ni mifumo. TRA wana kikokotoo mtandaoni. Unaingiza aina, mwaka na ukubwa wa injini, nacho hakikupi pole. Ushuru wa forodha 25%, VAT 18%, na kwa kuwa IST yangu ilishavuka miaka kumi, 30% nyingine ya uchakavu. Nililipia uchakavu kwa simu, na uchakavu wenyewe ukaletwa baadaye. Bima nimekata kwa simu, stika yenyewe siku hizi ni ya kielektroniki. Deni la faini ya barabarani nalo unaangalia kwa namba ya gari, umelala kitandani, presha inapanda taratibu bila kumsumbua trafiki.

Hapa lazima niseme ukweli ambao vijana wa mitandao hawaujui: mwenye gari la abiria alianza kufanya kazi kwa mbali zamani, kabla ya intaneti. Tajiri wa mchomoko, yaani gari dogo la abiria, anakaa Mwanza au Dar, gari linakimbia Bukoba na Muleba, jioni anadai hesabu. Kilichoongezeka ni kidude cha GPS. Zamani dereva alisema "leo abiria hakuna, tajiri" akiwa harusini Nshamba na gari limejaa masufuria ya wali, na tajiri alinyamaza kwa kukosa ushahidi. Sasa tajiri anaona kinukta chake kinazubaa Nshamba saa saba mchana, anapiga: "Hapo umepaki unafanya nini?" Dereva anajibu kwamba mtandao unadanganya. Wapo wenye kidude kinachozima injini kabisa. Abiria mmekaa, mnakwenda zenu, gari linazimika, dereva anashuka kuongea na simu pembeni kwa sauti ya upole, dakika tano gari linawaka. Mnajua hesabu imeingia.

Nimesoma kwamba wenzetu wamekwenda mbele zaidi. Kampuni moja ya Berlin inaitwa Vay. Tangu Januari 2024 inakodisha magari Las Vegas, na gari linakufuata mlangoni bila mtu ndani. Dereva amekaa ofisini mbele ya skrini, ana usukani na pedali zake, analiendesha kutoka huko. Gari likifika anakuachia uendeshe mwenyewe. Nilimsomea habari hiyo dereva wa mchomoko pale stendi ya Muleba. Akaifikiria kwa uzito ambao sikuutarajia. Kumbuka kwamba kwenye mchomoko kiti cha dereva kinakaliwa na watu wawili, dereva ananing'inia mlangoni na kubadili gia katikati ya magoti ya mtu. Akasema, "Mzee, hiyo ije hata kesho. Mimi nikibaki nyumbani, pale pangu atakaa abiria."

Sasa niwaeleze yaliyonikuta kilimani.

Nilikuwa naelekea Kamachumu, kwa huyohuyo dada. Ukifika Muhutwe unaiacha barabara kuu, unaanza kupanda. Wanaoijua hawahitaji maelezo. Wasioijua waelewe tu kwamba ile njia ya Muhutwe, Kamachumu hadi Muleba inainuka kutoka usawa wa ziwa kwenda kwenye nyanda za juu, na gari lenye siri yoyote moyoni huitoa pale. Langu likaanza kutetemeka. Kisha likaanza kuwa zito. Taa ya injini ikawa inawakawaka, ambayo ni mbaya kuliko ikiwaka moja kwa moja. Nikapaki pembeni ya migomba, nikampigia fundi.

"Mzee, una kile kidude?"

Ninacho. Ni yeye aliyenilazimisha kukinunua, ukubwa wake kama kiberiti cha njiti. Unakichomeka chini ya usukani, kinaongea na simu kwa Bluetooth. Nikakichomeka, simu ikafikiri, ikaandika P0303. Fundi akafurahi mpaka nikaona aibu kuwa mimi nimehuzunika. Akanifundisha: P ni mambo ya injini na giaboksi, hiyo tatu ya mwisho ni silinda namba tatu, inamisi. "Sasa tujue kama ni koili au ni plagi. Una spana namba kumi?"

Injini ya 1NZ ina koili nne zimejipanga juu, kila moja imeshikwa na bolti moja ya namba kumi. Maelekezo yake yalikuwa mepesi kuyasikia: toa koili ya tatu, ipeleke kwenye silinda ya kwanza, ya kwanza ilete kwenye ya tatu, futa kosa, washa, soma tena. Namba ikihamia P0301, mwizi ni koili. Ikibaki P0303, koili haina hatia, tazama plagi. Nakiri kwamba ni mantiki nzuri. Ni mantiki nzuri hasa ukiwa umekaa kwenye kochi.

Mimi nilikuwa na injini ya moto, soketi ya plastiki yenye umri wa kupiga kura, na watu. Maana gari halijawahi kuzimika kwenye njia ile bila kikao kukaa. Alikuja mzee mmoja anatafuna kahawa, mkono mmoja nyuma. Nikamwamkia.

"Marahaba. Waitu, limekufa?"

"Halijafa, mzee. Linamisi."

"Linakumisi wewe?"

Wakaja vijana wawili wa bodaboda. Wa kwanza akasema ni pampu ya mafuta. Wa pili, kwa uhakika wa daktari bingwa, akasema nitoe thermostati, nchi hii ni ya joto, gari la Japani haliwezi. Tulikuwa tumesimama kwenye ukungu wa Kamachumu, mimi nimevaa sweta, yeye amevaa koti na kofia ya sufu. Mama aliyekuwa na beseni la ndizi mbivu kichwani hakutoa ushauri wowote. Alisimama tu kunitazama, kisha akauliza kama fundi yuko njiani. Nikamwonyesha simu. Akaitazama simu, akanitazama mimi, akaitika "haya" ndefu, akaondoka.

Bolti ya kwanza ikatoka. Ya pili ikatoka. Spana ikadondoka. Haikudondoka chini, hiyo ingekuwa heshima. Ilidondoka ndani, ikagonga mahali pawili pa chuma, ikakaa mahali pa tatu. "Imeingia wapi?" fundi akauliza. Nikamwelekezea kamera. Mtandao ukakata, akabaki ameganda usoni, mdomo wazi, kidole kimeelekeza juu. Kwa muda huo wote niliokuwa chini ya gari, mgongo kwenye tope, natafuta spana kwa kupapasa, fundi wangu alikuwa amelazwa kwenye nyasi pembeni yangu ananionyesha mbinguni.

Spana ilipatikana. Koili zikabadilishana nyumba. Nikafuta kosa, nikawasha, nikasoma: P0301. Vijana wa bodaboda wakapiga makofi, ingawa yule wa thermostati alisema bado.

"Umeona, mzee?" fundi akasema aliporudi hewani. "Kazi imekwisha hiyo." Niliangalia mikono yangu. Nikaliangalia gari, bado linatetemeka kwa silinda tatu. Kwa mtu wa mbali, tatizo likishajulikana limekwisha. Mtu wa karibu anabaki nalo. Aliniambia nilipandishe mdogomdogo hadi kwa dada, nisilikanyage sana, maana petroli isiyoungua huwa inaharibu masega kwenye ekzosi. Nikamtuliza: masega yangu yalishaondoka siku nyingi, yalibaki kwenye gereji moja nilikoacha gari usiku mmoja tu kwa ajili ya bushi.

Koili ilikuwepo Muleba mjini, dukani, mpya, kwenye boksi linalong'aa. Nikampigia picha. Akakataa katakata. Hizo za boksi la kung'aa, alisema, zinakufa kabla ya risiti kufifia. Yeye ana jamaa yake Gerezani, Kariakoo, anayo ya mtumba iliyotoka kwenye injini ya Japani yenyewe. Yule jamaa naye nilipompigia hakuwa Gerezani, alikuwa kwake Mbagala. Akampigia kijana aliyeko dukani, kijana akaipiga picha koili iko juu ya gazeti. Nikalipa. Koili ikaandikwa jina langu kwa kalamu ya wino mzito, ikapanda basi, ikasafiri kama kilomita 1,400 hadi stendi ya Bukoba, wakati mimi na gari tuko Kamachumu. Bodaboda akaifuata mjini akaipandisha kilimani ndani ya koti lake, imelowa. Alikuwa ni yuleyule wa thermostati. Katika mlolongo mzima wa wataalamu, yeye peke yake ndiye aliyeleta mwili wake, na ndiye aliyelipwa kidogo kuliko wote. Nimemsamehe ushauri wake.

Siku zote hizo niliishi kwa dada, na nikajifunza kwamba gari bovu nalo ni kufanya kazi nyumbani. Alfajiri dirishani: "Wewe, unalala? Ng'ombe hajala." Nikatoka. Mpwa tulikutana naye kwenye majani, yuko na simu sikioni, anamweleza mtu wa Biharamulo kuhusu Probox isiyo na mkwaruzo hata mmoja.

Nilifunga koili mwenyewe, safari hii spana nimeifunga kamba mkononi. Fundi alitazama kwa video, akasema "safi", "hapohapo", "zungusha", na mara moja alisema "usikaze sana" akimwambia mtu mwingine kabisa, nadhani mke wake alikuwa anafunga mtungi wa gesi. Gari likawaka, likatulia, silinda nne zote kazini. Hata dada yangu alitoka kulisikiliza.

Jioni ikaja meseji ya bei. Ufundi 40,000. Ya kutoka 10,000.

Nikamuuliza, ya kutoka wapi na hukutoka?

"Kutoka kwenye shughuli zangu, mzee. Nilikuwa na gari jingine la Kyaka hewani, nikaliacha."

Nikaona hapa lazima nisimame kiume. Nikamwandikia kwamba kwa hesabu za haki, aliyeshika spana ni mimi, aliyelala kwenye tope ni mimi, aliyeshika tochi ni mimi, kwa hiyo kwenye ile 40,000 aondoe 15,000 ya spana boi. Akakaa kimya muda mrefu. Nikaona kaandika, kafuta, kaandika tena.

"Mzee wangu, kote duniani spana boi analipwa na mteja. Tuma tu hiyo 50,000, na usisahau ya kutolea."